Gemu zilipendwa na usiku wa mnanda: kwa nini sauti ile haitutoki masikioni

Naandika kutoka Tiwi, pwani ya Sharqiyah, baina ya Quriyat na Sur. Wenzetu wa Kwale msiruke kwanza: Tiwi yenu ya kusini ya Mombasa naijua, na nitaifikia huko mbele.

Leo nataka kueleza jambo ambalo baadhi ya wakubwa wataliona la kitoto. Tumezoea kuandikiana habari za tenzi, za hati za Kiarabu, za ngeli na lahaja. Sawa, hayo ni yetu na wala hatuyaachi. Lakini kuna kizazi kizima cha Waswahili, cha huku na cha kule, ambacho ukikisikilizisha sauti mbili tatu za gemu la zamani, au sekunde kumi za kinanda kidogo cha Casio kinacholia kwenye spika iliyopasuka, utaona macho yanabadilika. Na hao ni watu wa miaka arubaini na hamsini, wenye watoto vyuo vikuu! Kwa nini? Na kwa nini gemu na ngoma za usiku za uswahilini zinakuja pamoja katika kumbukumbu, wakati moja ni mchezo wa mtoto chumbani na nyingine ni mkesha wa watu wazima mtaani?

Jibu langu fupi ni kwamba ni sauti moja. Jibu refu ndo hili.

Tuanze na mashine. Huku Ghuba, kwa watoto wengi mlango wa kwanza ulikuwa Sakhr. Kampuni ya Al Alamiah ya Kuwait, aliyoianzisha Mohammed al-Sharekh mwaka 1982, iliuchukua mfumo wa MSX uliotangazwa Tokyo mwaka 1983, ikautia Kiarabu, ikauza kompyuta zake kwa jina la Sakhr, yaani mwamba. Haikukusudiwa kuwa mashine ya gemu. Ilikuwa kompyuta ya nyumbani: vitufe vyenye herufi za Kiarabu, lugha ya BASIC kwa Kiarabu, programu ya Kurani, masomo ya hesabu. Baba alinunua ili watoto wasome. Watoto nao walisoma siku mbili, siku ya tatu wakachomeka kaseti ya gemu, na baba akabaki kuuliza mbona hesabu za siku hizi zinapiga kelele namna hii.

Gemu lililopendwa khasa lilikuwa Antarctic Adventure la Konami, la mwaka 1983. Ngwini anakimbia barafuni, anaruka mashimo, anakwepa wanyama wa baharini wanaochomoza vichwa, anawahi kituo kabla saa haijakwisha. Basi. Fikirieni mtoto wa Ibra au Nizwa, nje jua la kukaanga yai, yeye ndani anamkimbiza ngwini kwenye barafu ambayo hajaiona maisha yake. Na muziki wake haukuwa wa Kijapani wala wa Kiarabu. Ni walsi ya Émile Waldteufel wa Ufaransa, aliyoitunga mwaka 1882 kuhusu watu wanaoteleza kwenye barafu. Watoto wa Ghuba waliijua walsi hiyo kwa moyo kabla ya kumjua mtunzi wake, na wengi hawajamjua mpaka leo.

Sasa sauti yenyewe. Ndani ya MSX kulikuwa na kidude cha sauti kilichoweza kutoa sauti tatu tu kwa wakati mmoja, pamoja na njia moja ya kelele (shhh!) ya kuigiza ngoma, mlipuko au upepo. Tatu tu. Na sauti zenyewe ni za pembe kali, hazina uvuguvugu wa udi wala fidla. Gemu zima la ngwini lilikaa ndani ya kilobaiti 16. Picha moja ya simu yako leo inaweza kulizidi mara mia na zaidi. Kwa hivo mtunzi alilazimika kubana. Akitaka noti tatu zilie kama zimepigwa pamoja na hana nafasi, anazikimbiza moja baada ya moja, upesi upesi, mpaka sikio linadanganyika. Mlio ule unaotikisika kama maji ya moto, unaoujua kila aliyecheza gemu la miaka ile, umezaliwa na ufukara wa mashine. Naomba mliweke hilo akilini, tutalihitaji tukifika Dar es Salaam.

Sakhr haikudumu. Tarehe 2 Agosti 1990 Iraq iliivamia Kuwait, kampuni ikahamia Cairo, na enzi ya zile kompyuta ikafifia. Al-Sharekh mwenyewe amefariki Machi 2024, na watu wa Ghuba wa rika lile wengi walimlilia kama mtu aliyewafungulia mlango. Wana msemo wao huku: zaman at-tayyibin, zama za watu wema. Wakisema hivo wana maana ya miaka ya themanini na tisini, mlango wa jirani ulipokuwa wazi na televisheni ni moja kwa nyumba nzima. Sisi tuna neno letu zuri zaidi, zilipendwa. Tumelifunga kwenye nyimbo za dansi peke yake, lakini mimi sioni kwa nini tusiseme gemu zilipendwa.

Upande wa pili wa bahari mambo yalikuwa mengine, na sababu ni televisheni. Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja mpaka mwaka 1994. Yaani mtoto wa Unguja angeweza kuwa na skrini nyumbani miaka ishirini kabla ya mwenzake wa Dar kuwa na cha kutazama. Halafu ikaja biashara huria, enzi za Mzee Ruksa, Rais Mwinyi (1985 hadi 1995), na mizigo ya Dubai ikaanza kumiminika: redio kaseti, deki za video, saa za tarakimu, vinanda vidogo vya kuchezea, na mashine za gemu. Mashine hizo nyingi hazikuwa Nintendo halisi bali nakala za Famicom zilizotengenezwa Taiwan na China. Huku Ghuba ziliitwa "Family". Kaseti zake ziliandikwa kwa majivuno gemu 9999 ndani ya moja, uongo mtupu. Ukihesabu vizuri unakuta chache, zilizobaki ni zile zile zimebadilishwa jina au zinaanzia hatua ya mbele. Lakini Mario alikuwemo, na Contra ya Konami ilikuwemo, na hiyo ilitosha.

Wengine hawakuwa hata na televisheni. Wao walipata kile kigemu cha mkononi cha matofali yanayodondoka, mjukuu haramu wa Tetris, aliyoibuni Mrusi Alexey Pajitnov mwaka 1984. Kisha Nokia ikaleta nyoka, mwaka 1997. Kwa Waafrika Mashariki wengi sana gemu la kwanza maishani ni nyoka huyo, kwenye simu ya mjomba, kwa dakika tano za kuazima.

Na baadaye mabanda. PlayStation ilipoingia mitaani, mwenye televisheni mbili na mashine mbili alikuwa na duka tayari. Unalipa kwa mechi, aliyefungwa ampishe mwingine. Gemu la mabandani lilikuwa Winning Eleven, la Konami tena! Kampuni ile ile iliyomkimbiza ngwini kwenye Sakhr ya Ibra ndiyo iliyowakusanya vijana wa Temeke na Likoni kwenye benchi la mbao miaka kumi na tano baadaye. Sidhani kama kuna mtunzi wa riwaya wa Kiswahili aliyesomwa na watu wengi kiasi hicho.

Hapa nataka nisimame kidogo kwenye maneno, manake ndo kazi yetu.

Kwanza kaseti. Kile kibanio cha gemu hakina utepe ndani, ni kibamba tu chenye meno ya shaba. Lakini sisi tuliita kaseti, na Waarabu wa Ghuba waliita sharit, neno lile lile walilotumia kwa kaseti ya nyimbo. Lugha mbili, pande mbili za bahari, zimefanya uamuzi mmoja: kitu unachokichomeka na kikatoa sauti ni kaseti. Pili roho. Katika gemu una nafasi tatu za kufa. Kwetu nyumbani tulisema nimebakiwa na roho moja, na watoto wa Kiarabu wanasema ruh, wingi arwah. Neno ni hilo hilo. Contra ilikuwa na siri yake ya vitufe: juu juu, chini chini, kushoto kulia, kushoto kulia, kisha B na A, unapewa roho thalathini. Aliyeijua siri hii alikuwa sharifu wa mtaa. Tatu, na hili nalipenda kuliko yote, mtoto wa Ghuba akimaliza gemu anasema khattamt, nimelikhitimisha, neno la mzizi ule ule wa khitima yetu na kuhitimu kwetu. Anakhitimisha Kurani asubuhi, anakhitimisha Mario jioni. Mashekhe wasikasirike, mimi naeleza tu matumizi ya lugha.

Na la nne ni kucheza. Katika lugha nyingi kucheza gemu ni neno moja na kucheza ngoma ni jengine kabisa. Sisi tunacheza mpira, tunacheza karata, tunacheza gemu, na tunacheza ngoma. Kitenzi hakijagawanyika. Ndiyo maana niliposema mwanzo kwamba mambo haya mawili yanakuja pamoja katika kumbukumbu, sikuwa nalazimisha. Lugha imeyaweka pamoja zamani.

Haya, twende kwenye ngoma.

Vile vinanda vidogo vya Casio viliuzwa kama vitu vya watoto na vya wanaojifunza. Vina midundo ya tayari ndani, unabonyeza kitufe kinakupigia. Wataalamu wa muziki waliwadharau wenye kuvitumia. Mwaka 1985 huko Jamaica, Wayne Smith na King Jammy walichukua mdundo wa tayari uliokuwa ndani ya Casio MT-40, wakaupunguza kasi, wakatoa Under Mi Sleng Teng, na reggae ikageuka toka siku ile. Mdundo wenyewe ulitiwa ndani ya kinanda kile na mwanamke wa Kijapani, Hiroko Okuda, mfanyakazi kijana wa Casio wakati huo. Nalitaja hili ili mtu asidhani kilichotokea Dar ni ajali ya maskini wasiojua vyombo. Ni jambo la dunia nzima: kitu rahisi kikiangukia mikono yenye haja, kinazaa.

Dar es Salaam walikizalisha mchiriku. Miaka ya mwanzo ya 1990, mitaa ya Mwananyamala na kandokando yake, vijana waliichukua midundo ya ngoma za Kizaramo na chakacha, wakaweka juu yake Casio dogo, wakaipitisha sauti kwenye vipaza vya tarumbeta mpaka ikachanika. Mwimbaji anashika maikrofoni mbovu. Mmoja anatwanga fimbo mbili juu ya kigoda. Umeme ukiwa haupo, betri ya gari ipo. Jina lingine la muziki huo ni mnanda, na ukilisikia unasikia kinanda ndani yake. Ama mchiriku: fungueni kamusi mtazame chiriku, ni ndege mdogo mwenye kelele, na mtu mpayukaji naye huitwa chiriku. Halafu sikilizeni Casio ile. Kundi la Jagwa Music la Mwananyamala ndilo lililovuka mipaka, santuri yao Bongo Hotheads ilitolewa mwaka 2012 na Crammed Discs ya Ubelgiji, na wakaenda kutumbuiza Ulaya. Nyumbani miaka yote hiyo waliitwa wahuni.

Sasa rudini kwenye kile kidude cha sauti tatu. Casio la mchiriku nalo lilikuwa na sauti chache, za pembe kali, bila uvuguvugu. Mpigaji wa mnanda hawezi kutandaza sauti kama mpigaji wa taarabu mwenye fidla sita nyuma yake. Kwa hivo anafanya alichofanya mtunzi wa gemu: anazikimbiza noti. Upesi, kwa kurudia rudia, mpaka zinakuwa kama kitambaa. Ufukara ule ule umeleta ufundi ule ule, na hakuna aliyemwiga mwenzake. Mtoto aliyekulia baina ya kaseti ya Mario na ukuta wa jirani anayepiga mnanda alikuwa anasikia lugha moja kutoka masikio mawili.

Mikesha yenyewe ndiyo ikaja kuitwa vigodoro. Harusi, unyago, kumtoa mwari, au sherehe tu ya mtaa, watu wanakesha barabarani mpaka alfajiri, kiasi cha kuhitaji kigodoro cha kujiegesha. Wengine watakwambia kigodoro ni kile wanachojifunga wachezaji kiunoni ili nyonga zionekane. Jina limebeba yote mawili na watu wanacheka nalo. Vyombo vinafungwa mchana, waya unavutwa kutoka nyumba yenye umeme, saa tatu usiku mtaa hauna njia.

Sitaki kuyapamba mambo haya kwa sababu tu tuko mbali nayo. Kulikuwa na visu. Kulikuwa na wasichana walioshikwa shikwa, na watoto wa skuli waliokuwa nje saa tisa za usiku, na wagonjwa waliokosa usingizi kwa sababu spika imeelekezwa dirishani kwao. Ndiyo maana katika miaka ya 2010 viongozi na polisi wa Dar walitangaza marufuku ya vigodoro zaidi ya mara moja. Lakini marufuku ilihamisha ngoma tu, haikuizima. Ikafungwa Manzese, ikafunguliwa kwengine. Na huko ilikohamia ikapata kompyuta, Casio likapumzishwa, kasi ikapandishwa mara mbili, na singeli ikazaliwa. Wengi walianza kwa kuchukua ala za taarabu na kuziharakisha mpaka fidla zikalia kama, naam, gemu. Studio ya Sisso ndiyo iliyotupa mkusanyiko wa Sounds of Sisso, uliotolewa Kampala na Nyege Nyege Tapes mwaka 2017, na vijana waliofukuzwa na mgambo wakaalikwa Ulaya. Msaga Sumu, Man Fongo, Dulla Makabila ni majina ya redioni sasa. Redio EFM ya Dar ilifanya kazi kubwa hapo.

Na Tiwi ya Kwale? Pwani ya Kenya kisa ni hicho hicho kwa jina jingine, disko matanga. Kilifi na Kwale, mtu akifa, familia inahitaji fedha za mazishi, kinapigwa disko usiku, watu wanachanga. Serikali imepiga marufuku mara kwa mara kwa sababu ya mimba za watoto wa skuli, na sababu hiyo si ya kubezwa. Ila anayesema ni uhuni tu hajauliza mazishi yangelipwa na nani.

Huku kwetu Sharqiyah hakuna kigodoro. Kuna kitu cha zamani zaidi. Sur ni mji wa majahazi. Wasuri walikuja Unguja na Lamu kwa kaskazi na kurudi kwa kusi vizazi na vizazi, na ngoma ikasafiri pamoja na boriti. Lewa inachezwa mpaka leo pwani ya Omani: mpiga zumari katikati, ngoma zinazoitwa msondo na chapuo, watu wanazunguka polepole, kisha kasi inapanda. Ndani ya nyimbo zake kuna maneno ya Kiswahili ambayo waimbaji wengine wanayatamka bila kuyajua maana. Msikilize mzumari wa lewa kwa makini: sauti moja, kali, ya pembe, inayorudia rudia. Siwezi kuisikia bila kufikiria Casio la Mwananyamala, na wazee wangu wa hapa wakinisikia nikisema hivo watanifukuza mezani.

Lakini lewa nayo iliwahi kudharauliwa. Ilikuwa ngoma ya watu weusi wa bandarini, watu wa heshima walipita mbali. Kilichobadilisha mambo ni kwamba kuna watu walikaa chini wakairekodi. Mwaka 1983 kilianzishwa Kituo cha Omani cha Muziki wa Asili, kwa amri ya Sultan Qaboos, na watafiti wakazunguka nchi nzima na mashine za kurekodi, kijiji kwa kijiji. Leo lewa inachezwa mbele ya mabalozi. Mchiriku haukupata kituo. Ulipata kaseti za kudurufu, zilizouzwa vibandani na kuchezwa kwenye daladala mpaka utepe ukaliwa, na mikesha mingi haikurekodiwa kabisa.

Sasa ile hamu yenyewe. Watafiti wa kumbukumbu wanajua tangu zamani kwamba mtu mzima hukumbuka zaidi mambo ya umri wa miaka kumi hadi thelathini kuliko ya kabla au baada. Hiyo inaeleza nusu. Mjerumani wa miaka hamsini naye ana gemu lake. Lakini yeye nyumba aliyochezea ipo, na mtaa wake una jina lile lile. Sisi je? Kuna waliozaliwa Unguja wakakulia Maskati, waliozaliwa Maskati kwa wazazi waliokuja baada ya 1970, waliotoka Dar wakaenda Leicester. Kariakoo ya utotoni imejengwa maghorofa. Hapa Tiwi penyewe, barabara kubwa ya pwani ilipofunguliwa mwishoni mwa miaka ya 2000, mji uliokuwa mwisho wa njia ya mawe ukawa kituo cha watalii wa Wadi Shab. Mahali panaondoka. Sauti ya gemu haiondoki, manake ni hesabu tu. Kilobaiti 16 zile zile zikichezwa leo kwenye programu ya kuiga Sakhr zinatoa walsi ile ile, noti kwa noti, bila kuzeeka. Ni kitu pekee cha utotoni ambacho ukikirudia unakikuta kama ulivyokiacha. Ndo maana mtu mzima analia machozi kwa ngwini.

Na hapo ndipo mnanda unapoachana na gemu, na ndipo wasiwasi wangu ulipo. Gemu limehifadhiwa na maelfu ya watu duniani, Nintendo yenyewe iliuza upya mashine yake ndogo mwaka 2016 na madukani ilikuwa ya kugombaniwa. Usiku wa kigodoro hauna nakala, ila kaseti iliyoko kabatini kwa mtu.

Kwa hivo nina ombi la kikazi kwa walio na vitu. Binamu yangu wa Ibra ana Sakhr yake mpaka leo, na kaseti za gemu tulizisafisha kwa spiriti na pamba kwenye meno ya shaba. Msipulize! Ule mtindo wa kupuliza haukuwahi kusaidia. Kilichosaidia ni kuitoa na kuichomeka upya, na mate yenu yalikuwa yanaozesha shaba. Mwenye Casio la zamani atoe betri leo hii, likivuja limekwenda. Mwenye kaseti za mnanda kwanza avunje vile viplastiki viwili vya juu ili mtu asirekodi mawaidha juu yake kwa bahati mbaya, aizungushe mbele na nyuma mara moja kabla ya kuicheza, na ikiwa na ukungu mweupe asiicheze kabisa. Waya kutoka tundu la hedifoni kwenda kwenye kompyuta unatosha kuinakili, na faili lisibanwe. Pwani kama hii yetu chumvi ya hewani haimsubiri mtu.

Nazitafuta khasa za kabla ya 1995, za Dar, Tanga, Bagamoyo na Unguja. Andikeni mtaa, mwaka, jina la kundi na sherehe ilikuwa ya nini. Kava kama limepotea si neno, mara nyingi majina yameandikwa kwa kalamu ubavuni mwa kaseti yenyewe, na mwandiko huo nao msiufute.